Kuongoza Filamu Huku Umeshika Kamera

Anayetaka ushauri wangu kuhusu filamu huanza na kamera: aina gani, kubwa kiasi gani, mpya au iliyotumika. Mimi huanza kwingine. Namuuliza: mwigizaji akikosa hisia lakini picha ikatoka safi kabisa, utarudia au utaendelea? Anayejibu "narudia" bila kusita ana moyo wa kuongoza. Anayeanza kunieleza mwanga ulivyokuwa mzuri ni mpiga picha, wala si kasoro. Haya ninayoandika ni ya yule anayetaka kuwa vyote viwili, kwa fedha zake au za kuchangishachangisha, bila studio nyuma yake.

Inawezekana. Mwaka 2019 Alfonso Cuarón alipokea Oscar ya uongozaji na ya upigaji picha kwa filamu ileile. Steven Soderbergh amejipigia picha filamu zake nyingi. Ukisoma orodha ya majina mwishoni utamwona mpiga picha anayeitwa Peter Andrews, naye ndiye Soderbergh mwenyewe. Ila hao wana wasaidizi wa fokasi, mafundi taa na wiki nyingi za maandalizi. Sisi mara nyingi tuna watu watano na gari la kuazima.

Watu hudhani ugumu wa kushika kazi mbili ni uchovu. Uchovu unazoeleka. Ugumu wenyewe ni kwamba macho yakiwa kwenye ukingo wa fremu hayapo kwenye uso wa mwigizaji. Dawa niliyoiona ikifanya kazi ni moja tu: maamuzi ya kamera yamalizike kabla waigizaji hawajafika, ili wakishafika uwe wa kwao.

Kamera, hadi mkono usiulize

Chukua kamera yoyote inayokuruhusu kupanga kila kitu mwenyewe: ISO (wepesi wa kamera kuhisi mwanga), shata (muda ambao kila fremu hupokea mwanga), tundu la lenzi, joto la rangi (kipimo cha umanjano au ubuluu wa mwanga). Simu ya kisasa yenye programu nzuri ya kurekodia inatosha kuanzia. Mwaka 2015 Sean Baker alipeleka kwenye tamasha la Sundance filamu ndefu iliyopigwa kwa simu, na ikapata msambazaji. Wanaopenda kuitaja habari hiyo husahau kwamba simu zile zilifungwa lenzi za ziada, na rangi zikafanyiwa kazi kubwa baadaye.

Kasi iwe fremu 24 kwa sekunde, au 25 kama kazi inakwenda kwenye televisheni za nchi zenye umeme wa hezi 50. Shata iwe mara mbili ya kasi hiyo, yaani 1/48 au 1/50, ili mwendo uonekane kama tulivyozoea kuuona sinema. Kisha angalia umeme wa mahali ulipo. Penye hezi 50 kaa kwenye 1/50 au 1/100. Penye hezi 60 nenda 1/60. Ukipuuza hilo, baadhi ya taa zitatoa mistari inayopanda ukutani taratibu, na kwenye skrini ndogo ya kamera hutaiona. Utaiona ukiwa mezani unahariri, waigizaji wameshanyoa nywele.

Joto la rangi usiiachie kamera ijichagulie. Weka Kelvin 5600 kwa mwanga wa jua, 3200 kwa taa za tungsten (balbu za waya unaowaka njano), halafu usiguse. Kamera inayojichagulia humbadilisha mtu rangi ya ngozi katikati ya sentensi, kwa sababu tu amesogea kutoka dirishani kwenda kwenye taa. Nje kwenye jua kali utahitaji filta ya ND, kile kioo cheusi kinachopunguza mwanga bila kugusa shata wala tundu la lenzi. Nunua hiyo kabla ya lenzi ya pili.

Na lenzi yenyewe? Moja. Kwenye kamera yenye sensa (kile kipande kinachopokea picha) ya ukubwa wa Super 35, chukua milimita 35 na uishi nayo hadi uweze kusimama mahali popote na kujua fremu itaishia wapi kabla hujainua kamera. Hapo ndipo uongeze ya 85. Mimi hadi leo filamu zangu fupi nazipiga kwa hizo mbili, na wanaonizunguka huniletea masanduku ya lenzi kwa kunionea huruma.

Mwanga ndio unaohitaji muda wako mwingi zaidi. Tafuta mtu mvumilivu, mweke karibu na dirisha, mpige picha akilitazama dirisha, kisha akiwa ubavu kwa dirisha, kisha akiwa amelipa mgongo. Rudia asubuhi, mchana, na dakika za mwisho kabla giza halijaingia. Halafu msogeze. Mwanga wa taa au dirisha dogo hupungua haraka kuliko watu wanavyodhani: ukizidisha umbali mara mbili, mwanga unaomfikia hushuka hadi karibu robo. Mtu akiwa karibu na chanzo, hatua moja hubadilisha kila kitu. Akiwa mbali nacho, hatua ileile haibadilishi karibu chochote. Kwa mwongozaji hilo si somo la fizikia, ni somo la kupanga watu. Mwigizaji atakayetembea sana ninampangia mbali na chanzo cha mwanga, ili asipite kutoka kwenye mwanga mkali kwenda gizani kila anapopiga hatua. Atakayekaa kimya akisikiliza ninamweka karibu, kivuli kimchonge uso.

Jifunze pia kuondoa mwanga. Kitambaa kikubwa cheusi, kikishikiliwa upande wa kivuli cha uso nje kidogo ya fremu, hufanya kazi ambayo watu hukodi taa kuifanya. Chumba chenye kuta nyeupe hurudisha mwanga kila upande na uso unabaki bapa. Ning'iniza kile kitambaa, uso unapata umbo.

Sini moja, mwanzo hadi mwisho

Tuseme una sini hii, yaani tukio moja la filamu. Kaka na dada wamekaa mezani kwenye nyumba ya marehemu baba yao. Kati yao kuna ufunguo. Kaka anataka nyumba iuzwe, dada hataki. Wanabishana ukurasa mmoja na nusu, ambao kwa kawaida utakuwa dakika moja na nusu ya filamu. Kaka anausukuma ufunguo upande wa dada. Dada anautazama, ananyamaza, kisha anasema, "Basi uza."

Isome kwanza kama mwongozaji, kamera ikiwa bado kwenye begi. Swali ni moja: sini hii inageuka wapi? Haigeuki kwenye "Basi uza". Hapo uamuzi umeshapita. Inageuka pale dada anapouona ufunguo kwa karibu na kuona kijikaratasi kilichofungwa kwa uzi, kimeandikwa kwa mkono wa baba. Ukishajua hivyo, unajua pia shoti (kipande kinachorekodiwa bila kukata) usiyoweza kuikosa: uso wa dada wakati macho yake yanashuka kwenye ufunguo. Nyingine zote ni za kuazima. Jua likikimbia, betri zikiisha, mwenye nyumba akikufukuza, hiyo iwe umeipata.

Sasa nenda kwenye chumba peke yako, saa ileile mtakayorekodi. Kaa kwenye kiti cha dada. Kaa cha kaka. Dirisha liko wapi? Mimi ningemweka dada ubavu kwa dirisha na kamera upande wa kivuli, ili tumwone akitoka gizani kidogo anapoinamisha uso. Kaka ningemkalisha akiwa amelipa dirisha mgongo: yeye amefunga mawazo yake, hatuhitaji kumsoma sana. Bandika utepe sakafuni miguu ya viti inapokaa. Chora chumba kikionekana kutoka juu, uchore na mstari kati ya watu wawili hao, na kamera ibaki upande mmoja wa mstari. Ukiuvuka bila sababu, wataonekana wote wawili wanatazama upande mmoja badala ya kutazamana. Dada akiinuka kwenda dirishani, mstari unahama naye. Mfuate kwa shoti moja ili mtazamaji ahame pamoja nanyi.

Shoti ni nne. Ya kwanza ni pana, milimita 35, wote wawili na meza katikati, sini nzima bila kukata. Ya pili, dada kwa 85, sini nzima. Ya tatu, kaka kwa lenzi hiyohiyo, lakini kamera irudi nyuma kidogo. Nataka tuwe karibu na dada kuliko na kaka, wala mtazamaji asijue kwa nini. Ya nne ni ufunguo mkononi, sekunde chache, mwisho kabisa.

Mpangilio wa siku hufuata mwanga, si skripti. Malizeni kila kitu kinachotazama upande mmoja ndipo mgeuze taa. Shoti pana kwanza, maana ndipo waigizaji wanapoamua wanashika nini kwa mkono upi. Halafu dada, moto ukiwa umewaka. Ila kabla ya kuamua hivyo waulize wenyewe, kila mmoja pembeni: wewe huwa bora mwanzoni au baada ya kuchemka? Kuna mwigizaji ambaye teki ya pili, yaani kurekodi shoti kwa mara ya pili, ndiyo yake na baada ya hapo anaiga alichokifanya. Kuna mwingine anahitaji sita kabla hajasahau kwamba kuna kamera. Ratiba isiyojua hilo ni ya fundi taa.

Sasa tundu la lenzi. Namba ya f ikiwa ndogo, tundu limefunguka zaidi. Vijana wanapenda f/1.4, nyuma kote kumeyeyuka, jicho moja tu ndilo lenye fokasi. Ukiwa na msaidizi wa fokasi, sawa. Ukiwa peke yako, dada akiegemea mbele sentimita chache fokasi inapotea na wewe unaacha kuongoza unaanza kufukuza pua ya mtu. Piga f/4. Kutoka f/2 kwenda f/4 unahitaji mwanga mara nne, kwa hiyo panga hilo mapema: dirisha kubwa zaidi, taa karibu zaidi, au ISO juu kidogo. Wakosoaji wa picha watasema nyuma kunaonekana sana. Basi pamba huko nyuma; ndiyo nyumba ya baba yao, kuna cha kuonyesha.

Kamera iwe kwenye stendi. Nikishabonyeza kurekodi ninaiacha monita, ninasimama sentimita chache kutoka kwenye lenzi na kumtazama mwigizaji kwa macho yangu. Monita ndogo hudanganya kwa hisia: inakuonyesha mpangilio mzuri, nawe unaridhika. Kazi ya kuitazama ninampa mtu mmoja, na ana jukumu moja tu la kuinua mkono ikiwa fokasi imetoka, maiki imeingia kwenye fremu, au mtu amevuka utepe. Hasemi chochote kuhusu uigizaji. Uigizaji ni wangu.

Teki ikiisha, kabla hujagusa taa mwendee mwigizaji. Hapa ndipo wapiga picha wanaojifunza kuongoza hupoteza watu wao. Dada amelia kweli, wewe unasema "kata" na kukimbilia pazia lililopepea. Kwake maana yake ni kwamba hukumwona. Hata kama pazia ndilo lililoharibu, nenda kwake kwanza, mwambie neno moja la kweli, ndipo urudi kwenye pazia. Na neno hilo liwe kitendo. "Huzuni zaidi" haliigiziki. "Mzuie asiinuke" linaigizika. "Soma lile karatasi, usilitazame tu" linaigizika. Jambo moja kwa teki moja. Ukimpa matatu atakumbuka la mwisho.

Kabla hamjafungasha, kila mtu anyamaze na mrekodi sauti tupu ya chumba kwa nusu dakika hadi dakika. Mhariri wako, hata kama ni wewe mwenyewe, ataihitaji kuziba mapengo kati ya maneno.

Mtu wa kwanza kumlipa

Ni wa sauti. Picha mbaya watazamaji huiita mtindo. Sauti mbaya wanaizima. Wewe kamera unaiweza, kuongoza unajifunza, lakini hakuna mkono wa tatu wa kushika maiki juu ya vichwa vya watu. Mpe nafasi ya kusimamisha kazi ndege ikipita, na usimnung'unikie. Sauti irekodiwe kwa kilohezi 48 na biti 24, vilele vya mazungumzo vikicheza karibu na desibeli -12 ili mtu akifoka kuwe na nafasi. Friji ya nyumba izimwe, na funguo za gari ziwekwe ndani yake: hutaondoka bila kuiwasha tena.

Wa pili ni msaidizi wa mwongozaji, mwenye saa mkononi na ujasiri wa kukwambia kwamba shoti ya tano haipo leo. Fundi taa ni wa tatu. Wengine waje fedha ikiruhusu.

Kazi za kulisha

Filamu zako za kwanza hazitakulisha. Kinacholisha ni kamera: harusi, video za muziki, mashirika, matangazo madogo, siku za kupiga picha kwenye filamu za wengine. Usizidharau. Harusi hukufundisha kuwahi kitu kisichorudiwa, na mahojiano ya shirika hukufundisha kuwasha uso wa mtu asiyejua kukaa mbele ya kamera.

Bei yako igawanye: siku yako ya kazi, vifaa, na uhariri, kila kimoja kwa mstari wake. Mteja akitaka kupunguza, mnapunguza kitu kinachoonekana, kama siku moja au taa mbili, si thamani yako kwa jumla. Mkataba hata wa kurasa mbili utaje haya: nusu ya malipo kabla ya kuanza, marekebisho mangapi yamo ndani ya bei, nani anamiliki picha ghafi, na kwamba faili la mwisho lisilo na nembo yako juu linatoka malipo yakikamilika. Lile la marekebisho watu huliruka kwa aibu. "Marekebisho mawili" ni maneno mawili tu, lakini yasipokuwepo utakuwa unabadilisha rangi ya maandishi hadi mwaka unaofuata. Nilishafanya kazi na ofisi moja ambako kila aliyerudi kutoka likizo alikuwa na maoni mapya. Kilichoniokoa ni kwamba idadi ilikuwa kwenye karatasi waliyosaini.

Weka siku zako za filamu kwenye kalenda mapema, uzitendee kama siku za mteja. Christopher Nolan alitengeneza filamu yake ndefu ya kwanza akirekodi wikendi kwa karibu mwaka mzima, kwa sababu kila mtu kwenye kikosi alikuwa na kazi ya siku za kawaida, naye ndiye alikuwa mwongozaji na mpiga picha. Watu walifanya mazoezi ya kutosha kiasi kwamba teki moja au mbili zilitosha, maana mkanda wa filamu ulikuwa ghali. Mkanda wewe hununui, lakini muda wa watu nao ni ghali.

Kuhusu rili, ile video fupi ya vipande vya kazi zako bora: ya mpiga picha iwe dakika moja, moja na nusu ikizidi, na kizuri kuliko vyote kikae sekunde 10 za mwanzo. Weka kazi za aina unayotaka kuitiwa tu. Ukiweka harusi, utaitwa harusi. Lakini rili haimwonyeshi mwongozaji hata kidogo. Vipande vya sekunde mbili haviambii mtu kama unaweza kukaa na waigizaji wawili hadi kitu kitokee. Kwa upande huo tuma sini moja kamili, dakika mbili au tatu. Ukurasa wako wa kazi uwe na milango miwili.

Ukiitwa na mwongozaji mwingine

Hapa kuna adabu yake, na wengi hawaambiwi. Ukiajiriwa kama mpiga picha, wewe si mwongozaji wa akiba. Usizungumze na mwigizaji kuhusu anavyoigiza, hata akikufuata na kukuuliza, "Ilikuwaje?" Mjibu kuhusu fremu, kisha mwelekeze kwa mwongozaji. Una wazo la sini? Lipeleke kabla ya siku ya kurekodi, mkiwa wawili, na kwa njia ya swali: "Unataka tuwe upande wa nani hapa?" Akijibu upande wa kaka nawe moyoni uko upande wa dada, piga upande wa kaka kwa uwezo wako wote.

Faida yake ni kubwa. Utakaa hatua moja kutoka kwa waongozaji tofauti na kuona wanavyopoteza asubuhi nzima na wanavyoiokoa jioni. Hakuna darasa linalokupa hilo. Na wao ndio watakaokutaja kwa watayarishaji, mradi wakumbuke ulikuwa mtu wa kufanya naye kazi.

Filamu yako na makaratasi yake

Anza na filamu fupi, dakika 8 hadi 12. Akademia inayotoa Oscar inahesabu filamu kuwa fupi hadi dakika 40 pamoja na orodha ya majina, lakini wapangaji wa matamasha hukusanya fupi kadhaa kwenye onyesho moja, na ya dakika 30 hula nafasi ya wenzake watatu. Andika kutoka kwenye ulichonacho: chumba unachoweza kukipata kwa siku tatu, waigizaji wawili wanaoaminiana, hali unayoijua. Kikosi kidogo hubeba kurasa tatu hadi tano kwa siku bila kuvunjika. Siku isizidi saa 12, na chakula kiwe kizuri. Kikosi kinachofanya kazi kwa nauli hukumbuka chakula.

Makaratasi yasainiwe kabla kamera haijawashwa. Kila mwigizaji akubali kwa maandishi picha na sauti yake kutumika, kila mahali na kwa njia zote za usambazaji. Mwenye nyumba atoe kibali chenye tarehe. Mtunzi wa skripti, kama si wewe, akupe haki ya kuitengeneza. Muziki ndio unaoua filamu fupi nyingi zaidi. Wimbo una haki mbili: ya utunzi na ya rekodi yenyewe. Kupata ruhusa ya mwimbaji peke yake hakutoshi ikiwa rekodi ni ya kampuni. Mimi namtafuta mtunzi chipukizi, tunasaini, na muziki unatungwa kwa ajili ya filamu.

Kwenye kurekodi, kadi ya kumbukumbu haifutwi hadi picha ziwe kwenye diski mbili tofauti na mtu amefungua faili kadhaa kuzitazama. Baadaye ongeza nakala ya tatu, na moja kati ya hizo tatu ilale jengo lingine.

Kuhariri ukiweza mpe mwingine. Ulipiga picha, kwa hiyo unajua shoti ipi ilikutesa, na utaing'ang'ania kwa sababu hiyo. Mhariri hajui jasho lako. Ukishindwa kumpata, iache ikae wiki mbili tatu kabla hujaigusa, kisha itazame bila sauti, halafu usikilize bila picha.

Kuipeleka

Matamasha makubwa yana majira yake: Sundance Januari, Berlin Februari, Cannes Mei, Venice kuanzia mwishoni mwa Agosti, Toronto Septemba. Maombi hufungwa miezi kadhaa kabla, na ada ya kuomba hupanda kadri siku ya mwisho inavyokaribia. Usitume kila mahali. Chagua makubwa mawili ya kubahatisha, ya kati matano ambayo umetazama walichoonyesha miaka iliyopita, na machache ya karibu ambako unaweza kufika mwenyewe. Soma masharti ya onyesho la kwanza, yaani kama wanataka filamu isiwe imeonyeshwa kwingine. Kwa filamu ndefu huwa makali, kwa fupi mara nyingi ni mepesi. Hadi uwe umeyasoma, filamu isiwekwe hadharani mtandaoni. Tuma kiungo chenye nenosiri, na usilibadilishe nenosiri hilo hadi majibu yote yarudi.

Watakapokuchagua wataomba vitu kwa haraka: faili la DCP la kuonyeshea ukumbini, manukuu ya tafsiri yaliyopangwa kwa muda, muhtasari wa sentensi moja, wasifu wako mfupi, bango, na picha za mnato. Picha za mnato ndizo hukosekana, maana aliyekuwa na kamera alikuwa anarekodi filamu. Fremu iliyokatwa kutoka kwenye video mara nyingi ina ukungu wa mwendo. Kwa hiyo siku moja ya kurekodi mwalike mpiga picha wa mnato. Apige sini yenyewe kutoka karibu na lenzi yako, akupige na wewe ukizungumza na waigizaji. Hiyo ya pili ndiyo wanayochapisha.

Ukumbini, baada ya maswali ya watazamaji, mtu mmoja mwenye kadi ya tamasha shingoni atakusogelea na kukuuliza unaandaa nini sasa. Uwe na ukurasa mmoja wa filamu inayofuata, umeshaandikwa, na uweze kuusimulia kwa dakika moja bila kuutazama. Akikuuliza nani atapiga picha, uwe umeshaamua pia.